Nani Aliwahesabu? Siku kwa Siku Kando ya Reli ya Zamani, Mazeras hadi Konza

Jumanne: Mazeras, Mariakani, Samburu

Treni ya abiria iliyokuwa ikipita reli ya zamani kati ya Mombasa na Nairobi ilikoma 2017, mwaka uleule SGR, reli mpya ya kisasa, ilipofunguliwa mwishoni mwa Mei. Tangu hapo reli nyembamba, ile ya upana wa mita moja, imebaki na treni za mizigo za hapa na pale. Anayetaka kuziona stesheni zake leo hana budi kupanda matatu, kushuka barabarani na kumalizia kwa miguu. Ndivyo nifanyavyo wiki hii, na daftari langu lina swali moja: vijiji vilivyozaliwa na reli hii vilikuwa na watu wangapi, na ni nani aliyewahesabu?

Nusu ya jibu inajulikana vizuri kupita kiasi. Ujenzi ulianza Mombasa 1896 chini ya mhandisi mkuu George Whitehouse. Reli ikafika Nairobi Mei 1899, na Desemba 1901 ikagusa ziwa mahali tunapopaita Kisumu. Kwa kazi hiyo Waingereza waliwaleta Wahindi 31,983 kwa mkataba, wengi wao wakitoka Punjab. Mwishoni hesabu ilifungwa hivi: 16,312 walirudi kwao, 6,454 walirudishwa kwa ugonjwa au kuumia, 2,493 walikufa, 6,724 walibaki huku. Jumlisha uone: ni 31,983 barabara. Hakupotea hata mmoja karatasini.

Usafi huo una sababu yake. Kila Mhindi alikuwa na mkataba, na ndani ya mkataba mlikuwa na nauli ya kumrudisha kwao. Palipo na nauli ya kulipa, pana karani wa kuhesabu. Waafrika waliofyeka vichaka, waliobeba maji na kuni, waliotangulia na mizigo ya wapimaji, hawakuwa na nauli ya kudai. Jumla yao haipo popote.

Mazeras nimepita upesi. Ni mahali reli inapomaliza mpando wa kwanza kutoka pwani, na mawe yake ya kutandika sakafu yanafika hata Nairobi. Mariakani ni mji wa malori. Wenye hoteli na gereji wanasema waziwazi kwamba miaka ile mizigo ya bandarini ilipolazimishwa kwenda kwa SGR, wateja walikauka, mpaka agizo lilipoondolewa Septemba 2022. Reli ilijenga miji hii, lori likailisha, na reli nyingine ikaja kuinyang'anya lori lake.

Nalala Samburu. Hii ni Samburu ya Kwale, katika nchi ya Waduruma, mgeni asiichanganye na ile ya kaskazini.

Jumatano: Mackinnon Road

Baada ya Samburu, ardhi inakauka hadi rangi ya matofali. Ni nyika ya Taru. Wajenzi wa 1897 hawakupata maji hapa, hivyo maji yalivutwa kutoka nyuma kwa treni juu ya reli ileile waliyokuwa wakiitandaza, na foleni ya tangi ndiyo ilikuwa saa yao ya kazi. Nimetembea kando ya mataruma kwa muda wa saa moja tu kabla jua halijapanda, na nimeelewa kwa nini hapakuwa na kijiji hapa kabla ya reli. Wafugaji na wawindaji walipita, wakajua visima vya msimu, wakaendelea na safari. Makao ya kudumu mahali kama hapa yanahitaji mtu wa nje wa kuleta maji kila siku, na reli ndiyo iliyokuwa mtu huyo.

Jina la mji linatoka kwa William Mackinnon, mwenye kampuni ya Imperial British East Africa, ambayo ilianza 1890 kukata barabara ya magari ya ng'ombe kutoka pwani kwenda Kibwezi. Barabara ilimezwa na vichaka, jina likabaki kwenye kibao cha stesheni.

Msikiti uko ubavuni mwa reli kabisa, kiasi kwamba treni ikipita waumini lazima waisikie kifuani. Ndani yake mna kaburi la Sayyid Baghali Shah, Mpunjabi aliyefanya kazi katika ujenzi. Husimuliwa kwamba alipobeba karai la mawe, karai halikugusa kichwa chake, lilielea juu. Kaburi limefunikwa vitambaa vya kijani na vyekundu, na harufu ya udi inakukuta kabla hujavua viatu. Madereva wa mabasi na malori husimama hapa, Waislamu na wasio Waislamu, wakatoa sadaka kisha wakaendelea. Katika muda niliokaa mlangoni aliingia dereva wa lori la saruji, mama mwenye mtoto mgonjwa, na vijana watatu wa bodaboda. Mzee mtunzaji aliniambia, "Karibu, mwanangu. Hapa haulizwi mtu ametoka wapi."

Kati ya Wahindi 31,983, huyu ni miongoni mwa wachache ambao msafiri wa leo anaweza kuwataja kwa jina. Karani hakuhusika. Jina lake lilihifadhiwa na watu waliolitamka kizazi baada ya kizazi. Napenda hilo likumbukwe na kila anayeamini kwamba historia ya reli iko katika ripoti za wahandisi peke yake.

Kuna hesabu nyingine mjini hapa, na hiyo hakuna anayeitolea udi. India ilipopata uhuru 1947, jeshi la Uingereza lilianza kujenga ghala kubwa Mackinnon Road, wakitaka kituo kipya upande huu wa Bahari ya Hindi. Mpango ulikufa baada ya miaka michache. Mabanda yakapata kazi nyingine wakati wa hali ya hatari: yakawa kambi ya kuwafungia washukiwa wa Maumau, wakiletwa kwa maelfu, wengi kwa treni. Hao walihesabiwa asubuhi na jioni, wamechuchumaa kwa safu. Wengine walipelekwa Manyani, kambi kubwa zaidi iliyoko mbele kwenye reli hiihii, ambayo leo ni gereza. Kwa miaka hiyo, Waafrika waliohesabiwa kwa makini kuliko wote katika nyika hii walikuwa wafungwa.

Alhamisi: Voi

Voi ni mji mkubwa, siwezi kuuita kijiji, lakini mtaa wa reli umejitenga mpaka leo na ndio niliokuja kuuona. Treni za mwanzo hazikuwa na behewa la chakula. Abiria walishuka Voi jioni, wakala kwenye bangaloo ya stesheni, wakapanda tena. Ili wale, lazima pawe na wapishi, wachota maji, wapasua kuni, wafuga kuku na wauza maziwa. Kila abiria aliyekula mezani aliwavuta watu wengine kadhaa kuja kuishi nyuma ya jiko.

Injini nazo zilikula. Miaka ya mwanzo zilichoma kuni, na misitu ya kandokando ilikatwa na vibarua walioishi kwenye vibanda vya msimu. Maji zilihitaji kila baada ya masafa fulani, kwa hiyo stesheni zilipangwa kufuata mito na chemchemi kila ilipowezekana. Ukiyaelewa maji ya injini, umeielewa ramani ya makazi ya njia hii nzima.

Mstaafu mmoja aliyefanya kazi ya gangi alinikaribisha barazani. Nilimwamkia shikamoo, akanipa kigoda, akaniambia nisubiri chai kwanza. Kisha akaeleza. Kila gangi lilikuwa na maili zake, likiongozwa na mnyapara. Asubuhi walitembea kukagua: wakakaza bolti, wakasukuma kokoto chini ya mataruma kwa sururu, wakanyoosha reli iliyopinda kwa mitaimbo, watu wote wakivuta kwa wimbo mmoja. Gangi liliishi kwenye landi, safu ya vyumba vya mawe katikati ya pori, pengine bila duka wala shule karibu.

"Injini za mvuke zilipokwisha, sisi bado tulikuwepo," alisema. "Lakini watu wa maji waliondoka. Mtu wa pampu, mtu wa tangi, watoto wao. Shule ikapungua."

Alichokisema kina tarehe zake. Injini kubwa za mvuke za daraja la 59, zilizotengenezwa na Beyer, Peacock huko Manchester, zililetwa 1955 na 1956. Zilikuwa 34, kila moja na jina la mlima wa Afrika Mashariki, uzito wake ukizidi tani 250, na hakuna injini ya mvuke ya reli ya mita moja iliyozishinda nguvu. Kufikia karibu 1980 zote zilikuwa zimestaafu. Dizeli haisimami kunywa maji Tsavo wala Kenani. Stesheni iliyowekwa kwa ajili ya maji ilipoteza sababu yake katika miaka michache, na watu wake wakahamishwa kwa barua.

Alasiri nilikwenda makaburini. Voi ilikuwa kambi kubwa katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Wajerumani waliitwaa Taveta Agosti 1914, na vikosi vyao vikawa vinapenya kutega baruti relini. Waingereza wakaanza 1915 kutandaza tawi kutoka Voi kupitia Maktau kuelekea Taveta, likaja kuunganishwa na reli ya Tanga na Moshi pale Kahe. Mawe meupe ya askari yamepangwa kwa mstari, nyasi zimekatwa, kila jiwe na jina, kikosi na tarehe.

Wapagazi wa vita vile hawana mawe. Walikufa kwa makumi ya maelfu, kwa njaa na kuhara kuliko risasi. Tume ya Jumuiya ya Madola inayotunza makaburi haya ilichapisha ripoti 2021 ikikiri kwamba watu wasiopungua 116,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, au hawakukumbukwa kabisa. Niliisoma ripoti hiyo ilipotoka. Kuisoma nyumbani ni kitu kimoja. Kusimama mbele ya mistari hii, ukijua nani amekosekana, ni kitu kingine, na nilikaa pale mpaka mlinzi akaja kufunga.

Ijumaa: Tsavo

Kila mtu anaijua Tsavo kwa simba. Mwaka 1898, wakati John Henry Patterson akisimamia ujenzi wa daraja la mto, simba wawili madume wasio na manyoya ya shingoni walikuwa wakiingia kambini usiku na kuwatoa watu kwenye mahema. Kazi ilisimama kwa muda, mamia ya vibarua wakadandia treni ya kwenda pwani. Patterson aliwaua wote wawili Desemba mwaka huo. Mwaka 1924 aliziuza ngozi kwa Field Museum ya Chicago kwa dola 5,000, na mpaka leo simba hao wako huko nyuma ya kioo.

Walikula watu wangapi? Patterson aliandika kwanza kwamba Wahindi walikuwa 28, pamoja na Waafrika wengi ambao hakuna kumbukumbu rasmi yao iliyowekwa. Baadaye alitaja 135. Watafiti waliopima mifupa na manyoya ya simba hao, wakachapisha matokeo 2009, walikadiria karibu 35. Watu wanabishana juu ya idadi hizi kama fumbo la kusisimua. Mimi nasimama kwenye maneno yake ya kwanza. Mtu aliyekuwa mkuu wa kambi, aliyewalipa watu wake na kulala nao pori moja, alijua idadi ya Wahindi waliokufa na hakuijua ya Waafrika. Mwafrika aliyechukuliwa na simba alipotea mara mbili usiku uleule.

Daraja lipo. Mto uko chini, maji ya kahawia, mikindu na mikoma kwenye kingo. Juu pembeni SGR imepitishwa kwenye tuta na madaraja marefu, na chini yake pameachwa nafasi tembo wapite. Treni ya saa nane ilivuma juu bila kupunguza mwendo, na kima waliokuwa ukingoni hawakuinua hata vichwa.

Stesheni ya zamani imebaki majengo machache. Tsavo haikuwahi kuwa mji, na tangu Aprili 1948, hifadhi ya taifa ilipotangazwa, haikuruhusiwa kuwa. Hifadhi ilifunga ardhi pande zote mbili za reli. Waata, wawindaji waliokuwa wakiijua nchi hii kabla ya pori kuwa na jina la kisheria, walitolewa, na miaka ya 1950 wengi wao walikamatwa kwa uwindaji haramu. Wakamba waliokuwa na makazi ndani ya mipaka mipya nao waliondolewa. Kwa hiyo historia ya watu wa Tsavo ina vifungu viwili: kundi moja lililetwa kwa reli likaondoka na mvuke, na jingine lilikuwepo toka zamani likaondolewa kwa sheria. Leo wanaolala hapa ni askari wa wanyamapori na wafanyakazi wachache.

Jumamosi: Mtito Andei na Kibwezi

Mtito Andei ni nusu ya njia kati ya Mombasa na Nairobi, na kila basi linaijua. Stesheni ya zamani iko pembeni. Uhai wote umehamia barabarani: petroli, nyama choma, vyumba vya kulala madereva. Sikukaa sana.

Kibwezi ilinipa kitu cha kufikiria. Wamishonari wa Kiskoti walifungua kituo hapa 1891, kabla ya reli kuanza, wakitegemea kwamba msafara na barabara vingepita hapa. Malaria iliwachosha, na 1898 wakahamia Kikuyu. Reli ikaja walipokuwa wanaondoka. Baadaye mashamba ya katani yalileta vibarua kuliko stesheni yenyewe ilivyowahi kuleta. Mji bado uko upande wa reli, nje kidogo ya barabara kuu, na ukitembea sokoni unasikia Kikamba kila mahali. Makueni yote, kwa sensa ya 2019, ina watu 987,653. Taita-Taveta niliyoiacha jana ina 340,671, ingawa eneo lake ni karibu mara mbili. Sehemu kubwa ya nchi hiyo ni hifadhi.

Jioni matatu imeniteremsha Makindu.

Jumapili: Makindu

Nimekaa siku nzima. Makindu palikuwa na maji, kwa hiyo reli ikapafanya kituo kikubwa: karakana, makao ya wafanyakazi, bangaloo ambapo abiria walioshuka usiku Voi kula chakula cha jioni walipata staftahi yao. Masingasinga waliofanya kazi ya ufundi na seremala walianza kuabudu pamoja hapa, na Wahindu na Waislamu wa reli wakijiunga nao. Mwaka 1926 walijenga gurudwara. Karakana ilipohamishwa na wafanyakazi wakaondoka, hekalu lilibaki karibu peke yake kwa miaka mingi, mpaka madereva na wasafiri wa barabara ya Mombasa wakalijaza upya.

Unavua viatu, unafunika kichwa, unanawa. Unakaa chini kwa safu. Kijana mmoja anapita na ndoo ya dengu na upawa, mwingine na chapati ndani ya kitambaa, wa tatu na wali, wa nne na chai ya maziwa yenye tangawizi. Haombwi mtu hela. Kushoto kwangu alikaa mzee wa Kisingasinga aliyekuja na wajukuu kutoka Nairobi, kulia kondakta wa basi bado amevaa sare. Ukimaliza unabeba sahani yako mpaka kwenye karo. Kuna vyumba vya kulala pia, bure, na anayetaka huacha mchango.

Jikoni wengi wa wapishi ni Wakamba wa hapahapa, na wengine wamefanya kazi hii tangu ujana. Mmoja alikuwa akisukuma chapati kwa mwendo usiobadilika, donge, unga, mzunguko, kikaango, huku akinieleza kwamba baba yake alikuwa akikatia hekalu hili kuni. Hakuna Singasinga hata mmoja aliyebaki Makindu kwa ajili ya reli, lakini jumuiya waliyoianzisha ina watu wengi zaidi leo kuliko siku za karakana. Wamebadilika tu.

Alasiri nilipelekwa kwenye landi za zamani. Kuta ni za mawe, nene, milango midogo, na juu ya kila mlango pana alama ya namba iliyopakwa rangi na kupakwa tena mpaka haisomeki. Ndani ya chumba kimoja niliona ndoano ya chuma ukutani na doa jeusi la moshi wa taa juu yake, kubwa kama sahani, lililokwea mpaka darini. Mama mwenye umri mkubwa anayeishi karibu aliniambia marehemu mume wake alizaliwa chumba kama hicho, baba yake akiwa wa gangi.

"Walilala wangapi humu, mama?"

"Baba, mama na watoto. Na ndugu akija kutafuta kazi, naye hapohapo. Mwenye reli alijua mmoja tu."

Kisha akanipa jambo ambalo sikuwa nimelisoma popote. Mwisho wa mwezi, alisema, mkwewe alikuwa akisimulia, mshahara uliletwa kwa treni. Karani alikaa ndani ya behewa na daftari, mnyapara akaita majina, kila mmoja akapanda, akachovya dole gumba kwenye wino, akabandika mbele ya jina lake, akapokea. Asiyeitwa hakulipwa, kwa hiyo kila mtu alihakikisha jina lake limeandikwa sawa. Wanawake walisubiri chini na vikapu kwa sababu wachuuzi walijua siku hiyo.

Nilimwomba arudie polepole, nikaandika neno kwa neno.

Jumatatu: Emali na Sultan Hamud

Emali ni soko la mifugo na njia panda ya kwenda Oloitokitok, na SGR imeipa stesheni. Hapa reli mpya na mji vinaelewana, nami nafurahi kuona hivyo.

Sultan Hamud iko kwenye maili ya 250 kutoka mwanzo wa reli. Mwaka 1898 Sultani wa Zanzibar, Hamud bin Mohammed, aliletwa kwa treni kuona kazi ilipofikia, na mahali reli ilipokuwa imeishia siku hiyo pakapewa jina lake. Alikaa muda mfupi, akarudi. Wakamba na Wamasai waliokuwa wakikutana katika nchi hii kubadilishana ng'ombe na nafaka tangu zamani walibaki, na soko lao ndilo lililojenga mji.

Nimekaa kwenye hoteli moja mkabala na reli nikipanga tarehe za sensa. Za 1911, 1921, 1926 na 1931 ziliwahesabu Wazungu na Waasia. Waafrika walikadiriwa kutokana na kodi ya kichwa na vibanda. Ilikuwa 1948 ndipo Waafrika wa koloni nzima walipohesabiwa kikamilifu kwa mara ya kwanza, ikaonekana Kenya ina watu milioni 5.4, wengi kuliko maofisa walivyodhani. Maana yake ni kwamba, kwa nusu karne ya kwanza ya stesheni kama hii, kumbukumbu rasmi zinaweza kukuambia kulikuwa na wenye maduka wangapi wa Kihindi na kama stesheni masta alikuwa na mke, lakini haziwezi kukuambia gangi lilikuwa na watoto wangapi. Baada ya 1948 tatizo linageuka. Watu wote wanahesabiwa, ila kwa kata na kata ndogo, na kijiji cha reli kinayeyuka ndani ya idadi ya wakulima na wafugaji wanaokizunguka.

Jumanne: Kima na Konza

Kima nilishuka kwa ajili ya Charles Ryall, ofisa wa polisi wa reli. Juni 1900 alilala kwenye behewa lililoegeshwa hapa akimvizia simba aliyekuwa akisumbua stesheni. Simba aliingia behewani, akamuua na kumtoa kupitia dirishani. Ryall alizikwa Nairobi na habari zake zimeandikwa tena na tena. Behewa lenyewe liko kwenye makumbusho ya reli jijini. Simba huyo alikuwa amewaua wafanyakazi wa stesheni kabla yake, ndiyo sababu ya Ryall kuja. Nimewatafuta kwa majina katika kila maandishi niliyoweza kuyapata. Hawapo.

Konza ni makutano ya tawi la Magadi, lililojengwa baada ya kampuni ya Magadi Soda kuanzishwa 1911. Hapa reli ya zamani bado ina kazi, kwa kuwa magadi lazima yafike bandarini. Upande wa pili wa uwanda mji wa teknolojia unajengwa tangu ulipozinduliwa Januari 2013, na michoro yake ina makadirio ya wakazi wake wa kesho, mtaa kwa mtaa. Wakazi wa stesheni ya Konza, wanaoning'iniza nguo kwenye waya wa zamani wa simu ninapoandika haya, hawamo katika mchoro wowote nilioonyeshwa.

Kesho nitakuwa Nairobi, katika Hifadhi ya Nyaraka za Taifa pale Moi Avenue. Orodha ya ninayoyatafuta imebadilika tangu Makindu. Nimefuta ripoti za wahandisi na za kila mwaka, na badala yake nimeandika: madaftari ya mishahara ya magangi, Voi hadi Konza, mwaka wowote kabla ya 1948. Kama yamehifadhiwa, yatakuwa na jina la kila mwanamume wa gangi aliyeita landi nyumbani, stesheni kwa stesheni, mwezi kwa mwezi, na dole lake la gumba pembeni. Yeyote mwenye babu aliyefanya kazi ya gangi kwenye njia hii, na anayekumbuka jina la mnyapara wake au namba ya maili zake, aniandikie, maana mnyapara ndiye aliyekuwa akiyaita majina.